Shoka Lilikuwa Begani

"Mzee aliyekimbia jina lake." Hivyo ndivyo mnavyomwita. Juma lililopita nilikuwa nimeketi kibarazani kwa fundi cherehani hapa Itetemia, nikisubiri suruali yangu itiwe kiraka, nikawasikia vijana watatu wa bodaboda wakisimuliana habari hiyo. Mzee mmoja wa zamani, walisema, alipotea porini, kijiji kizima kikaenda kumtafuta, kikamwita kwa jina, naye kila alipoitwa alizidi kukimbia akidhani anaitwa na shetani. Mmoja alicheka hata akalazimika kuushika usukani wa pikipiki yake asianguke.

"Babu, hata wewe unaijua hii?" akaniuliza.

"Naijua."

"Si alikuwa mshamba kweli kweli?"

Suruali ilikuwa bado chini ya sindano, na mtu mzima hagombani barabarani akiwa amefungwa shuka kiunoni. Lakini hasira niliyoondoka nayo pale haijapoa hata leo, na ndiyo sababu nimemwita mjukuu wangu Nyamizi achukue daftari. Mimi sikusoma. Wakati wenzangu wanapelekwa shule, mimi nilikuwa nachunga ng'ombe wa mjomba. Nimemwagiza Nyamizi aandike ninavyosema, asiyalainishe maneno yangu wala asiyatie sukari.

Basi sikilizeni, ninyi mnaocheka. Mzee huyo alikuwa na jina, nalo ni Luhende. Alikuwa mrina asali katika mapori ya Usinge kabla baba zenu hawajazaliwa. Kila nilichokijua katika kazi iliyonilisha miaka yote hii nilikipata kwake. Alinifundisha kubandua gome la mti wa mtundu mvua zikiwa zimekolea, likiwa bado linaachia shina kwa hiari. Alinifundisha kulishona liwe mzinga, kuusugua ndani kwa nta ya zamani ili nyuki wakute harufu ya nyumbani, na kuutundika ukiupa upepo mgongo. Alinikataza kuoga kwa sabuni siku tatu kabla ya kwenda kurina, kwa kuwa nyuki hawamsamehi mtu anayenuka maua ambayo wao hawakuyatembelea. Na alinifundisha kuwaachia masega ya watoto wao. Leo naona watu wanaukata mti mzima ili waupate mzinga mmoja, kisha wanaukokota mti huohuo ukawe mkaa. Hao hamuwacheki. Mnamcheka Luhende.

Sasa nitawaeleza kuhusu Mwenye Pori, kwa maana bila yeye hamtaelewa lolote. Msiniletee neno la ushirikina. Mimi nimebatizwa, na mke wangu alizikwa kwa kengele ya kanisa. Lakini mtu anayeishi porini majuma sita kila msimu hujifunza sheria za huko, kama anayeishi mjini anavyojifunza upande wa kuvuka barabara.

Wazee walisema Mwenye Pori akisimama kwenye majani huwa mfupi kama mtoto anayeanza kutembea, na akisimama kati ya miti huwa mrefu kama miti. Si muuaji kwa asili yake. Ni mtani. Hukufichia njia uliyopita asubuhi, akaileta nyingine inayofanana nayo. Ukilala bila moto huja kukutekenya, nawe hucheka mpaka pumzi ikuishie, na wenzako wakikukuta wanakukuta umekufa huku unatabasamu. Mchezo wake mkubwa, hata hivyo, ni sauti. Huiga sauti ya yeyote aliyewahi kuisikia, akakuita kwa jina lako kutoka upande ambao hakuna mtu. Ukiitika na kumfuata, anakuita tena kutoka mbali kidogo, na tena, hata jua likageuka nawe hujui kambi iko wapi.

Kitu kimoja tu hana, nacho ni chuma. Hana shoka, wala hawezi kuiga mlio wa shoka. Kwa hiyo warina asali tulikuwa na mwiko. Ukishaingia porini humwiti mwenzako kwa jina alilopewa na wazazi wake. Unagonga mti kwa kisogo cha shoka mara mbili, unanyamaza kiasi cha kumeza mate, kisha unagonga mara moja. Mwenzako hujibu kwa pigo moja. Mkishaonana, mnatumia majina ya porini. Mimi niliitwa Kata, kwa sababu siku yangu ya kwanza kambini niliivunja kata pekee ya kuchotea maji, tukanywa kwa viganja majuma sita. Mwiko huu Luhende aliupokea kwa babu yake, aliyekuwa mpagazi kwenye njia ya misafara ya Ujiji, naye alisema wapagazi waliushika kabla ya kuwapo gari moshi. Wengi walioudharau, alisema, mizigo yao ilionekana na wao hawakuonekana.

Nami niliuvunja. Ulikuwa mwaka wa Uhuru, nami nilikuwa kijana mwenye shingo ngumu. Luhende alikuwa juu ya mti akiteremsha mzinga uliojaa, mimi niko chini nimeshika kamba. Nikasikia, "Maganga," jina langu halisi, kwa sauti ya Luhende, tena kwa upole, kutoka bondeni nyuma yangu. Nikageuka. Nilipogeuka, kamba ikanitoka. Mzinga ulianguka kando ya mguu wangu ukapasuka kama boga, na yaliyonipata kwa nyuki sitayasimulia kwa kuwa anayeandika ni mjukuu wangu wa kike.

Luhende aliteremka katikati ya nyuki bila haraka, kama mtu anayeshuka ngazi za kanisa.

"Umemwitikia nani?"

"Wewe, baba."

"Mimi nilikuwa wapi?"

"Juu."

"Na sauti?"

"Bondeni."

"Kwa hiyo ulimwacha Luhende wa juu, ukamfuata Luhende wa bondeni. Una walimu wangapi, Kata?"

Uso ulikuwa umenivimba, sikuweza hata kufumbua jicho kumtazama. Akaniinamia, akasema neno ambalo, hata nikisahau mangapi, hilo sitalisahau: "Nikikuita kwa jina lako humu porini, jua si mimi. Hata ukisikia nalia. Nami ukiniita kwa jina langu, nitajua si wewe."

Tulikubaliana hivyo, mimi na yeye, juu ya asali iliyomwagika mchangani.

Miaka ikapita, ikaja ile ya kuhamia vijijini. Ninyi mmeisoma vitabuni. Mimi niliihama kwa miguu, na bati mbili kichwani. Luhende alikuwa na mji wake mdogo ukingoni mwa pori: nyumba tatu, majogoo, na mke wake Mama Shija, ambaye kinu chake kilisikika mbali. Walimhamisha wakampanga barabarani, nyumba ya nne mstari wa pili. Sikatai kwamba tulipata kisima na zahanati. Nasema tu kwamba walipouhamisha mji ule, hakuna aliyemuuliza ulikuwa unamsaidia nini mrina asali.

Katibu wetu wa kijiji alikuwa kijana msomi kutoka mkoa mwingine. Hakuwa mtu mbaya, na alilima kuliko waliomsema. Alimwita kila mtu "Ndugu", mkubwa kwa mdogo. Luhende hakupendezwa. "Ndugu yangu nilizaliwa naye," alisema, "na yeye hakunishikia daftari usoni." Lakini mimi nilipendezwa. Katibu alikuwa amenifanya kiongozi wa kikundi cha ufugaji nyuki, mimi nisiyejua hata kuandika jina langu, na mkutanoni alikuwa akisema, "Tumsikie Ndugu Maganga." Kitu hicho kilikuwa kitamu kwangu kuliko asali.

Kiangazi kimoja Luhende alikwenda peke yake kukagua mizinga iliyokuwa karibu na mji wake wa zamani. Miaka yote alirudi kutoka huko kwa kufuata moshi wa jiko lake, jogoo wake, na kinu cha mkewe. Siku hiyo hapakuwa na moshi, wala jogoo, wala kinu. Na moto wa kiangazi ulikuwa umepita, umeziunguza alama alizozichonga kwenye miti. Mtu asiyewahi kupotea akapotea.

Siku ya pili asubuhi Mama Shija alikuja kwangu. Hakukaa.

"Baba Shija hajarudi. Alichukua michembe ya kula siku moja na maji ya siku moja."

Nilimpeleka kwa Katibu, naye, lazima niseme, hakupoteza hata dakika. Aligongesha kengele ya kijiji, kazi za shamba zikaachwa, watu wote wenye miguu wakapangwa mstari mmoja, mtu na mtu, tukaingia porini. Mkononi alikuwa na kipaza sauti cha bati alichokikunja mwenyewe. Akakiweka mdomoni akaita, "Ndugu Luhende! Luhende!" Mstari mzima ukapokea.

Nikamsogelea. "Ndugu Katibu, tusimwite."

"Tusimwite? Tumemfuata nini?"

"Tugonge."

"Tugonge nini?"

"Miti. Kwa shoka."

Waliokuwa karibu wakacheka. Mama mmoja akasema, "Maganga anataka kuchonga mwiko." Katibu hakucheka. Aliniwekea mkono begani, begani paliponing'inia shoka langu, akanena taratibu kama mtu anayemtuliza mgonjwa. "Ndugu Maganga, mtu anakufa kwa kiu. Mambo ya kale tutayazungumza akishapatikana. Wewe ni kiongozi. Watu wanakutazama wewe."

Ni kweli walikuwa wananitazama. Nikarudi mstarini.

Wajukuu zangu, tuliita mchana kutwa. Tuliita siku ya pili kutwa. Mara mbili tuliona nyayo zake, mbichi kabisa, na kila mara zilikuwa zinatuacha. Wenzangu wakashangaa: mtu aliyepotea anawezaje kwenda mbio namna ile, tena upande usio na maji? Mimi sikushangaa. Nilijua anakimbia nini. Kila tulipopaza sauti tulikuwa tunamsukuma mbele yetu kama swala mbele ya mbwa, naye alikuwa anafanya kila jambo sawasawa kama alivyofundishwa na alivyonifundisha. Jioni hiyo Mama Shija aliketi mlangoni kwake amejifunga kanga ya kichwa kama mfiwa. Aliniuliza neno moja tu: "Mnagonga?" Nikamwambia, "Kesho."

Kesho yake sikungoja mstari. Niliondoka peke yangu jua likichomoza, nikaenda hadi nyayo za mwisho, nikagonga mninga uliokauka. Mbili. Nikameza mate. Moja. Nikasikiliza. Nikaenda mwendo wa kumaliza kiko cha tumbaku, nikagonga tena. Kwenye kilima cha tatu nilipata jibu. Lilikuwa dhaifu, kama mtu anayegonga mlango wa mgonjwa. Pigo moja.

Alikuwa ameketi ameegemea kichuguu, nyayo zake zimepasuka, ulimi umevimba. Shoka alilishika kwa mikono miwili. Alikuwa ameishi kwa kutafuna masega yenye watoto wa nyuki, maana yana unyevunyevu. Asali yenyewe hakuigusa, ingezidisha kiu.

"Kata," alisema.

"Naam, baba."

Nikampa maji kwa kifuniko cha kibuyu, kidogo kidogo. Kisha nikaendelea kugonga ili wengine wafuate mlio, nao wakaja, Katibu akiwa mbele na machela. Hapo ndipo Luhende alipoliinua shoka, mtu asiyeweza kuinua hata shingo, akawazuia wote wasimkaribie.

"Hawa wamegonga?"

"Hawajagonga, baba."

"Basi siwajui."

Ikabidi niwaeleze. Aliyetaka kumshika Luhende agonge kwanza. Watu walitazamana, lakini hapakuwa na aliyecheka tena, kwa kuwa mzee alikuwa anakufa mbele yao na hataki mikono yao. Wakapokezana shoka langu mmoja baada ya mwingine kama wanaopokea sakramenti. Zamu ya Katibu ikafika. Alipiga mara tatu mfululizo. Luhende akafumba macho.

"Huyo si mtu," alisema.

Katibu akanitazama, jasho linamtoka. Nikamwonyesha kwa vidole: mbili, meza mate, moja. Akarudia, akapatia. Luhende akaitikia kwa kichwa, na Katibu ndiye aliyemnyanyua.

Alipona, lakini nyayo hazikupona. Hakurudi porini tena. Aliketi nyumba ya nne mstari wa pili, akishona mizinga ya magome ambayo wengine waliitundika. Na huko ndiko dhihaka ilikomkuta. Watoto walipita mlangoni kwake wakaita "Luhende!" kisha wakakimbia wao, wakionyesha jinsi alivyokimbia yeye. Baada ya watoto, wakubwa. Mpaka siku moja, kwenye mkutano wa kijiji, mtu mmoja mwenye mdomo alisimama akasema:

"Mzee, tulikuita sisi. Sisi majirani zako. Ulikuwa unatukimbia sisi."

Luhende alijibu akiwa ameketi, bila hasira. "Ninyi najua mliita. Hamlijui pori, sina ugomvi nanyi. Hata sauti zenu, nilipozisikia, kuna wakati nilisimama nikataka kurudi. Nilijiambia, huenda ni watu kweli. Kiu ilikuwa imenishinda. Nilipokuwa nageuka, nikasikia sauti ya Kata inaniita Luhende. Hapo nikajua. Watu wote wa dunia wanaweza kuniita kwa jina porini, Kata hawezi. Huyo nimemfundisha mwenyewe. Kwa hiyo nikakimbia." Akanigeukia. "Waambie, Kata. Uliniita?"

Mkutano mzima ulinigeukia. Zaidi ya nusu yao walikuwa kwenye mstari ule. Shoka lilikuwa begani kwangu, kama lilivyokuwa siku ile.

"Sikuita, baba," nikasema.

Nilimsikia mtu nyuma yangu akivuta pumzi ili aseme. Katibu akainua kichwa kutoka kwenye daftari lake. "Ni kweli," alisema, "nilikuwa karibu naye. Hakuita." Kisha akatangaza ajenda iliyofuata, ambayo ilikuwa mbegu za karanga.

Luhende alifariki mvua za pili baada ya hapo, akiamini kwamba miguu yake ilipotezwa na Mwenye Pori, adui anayemjua na kumheshimu. Katibu alihamishwa, na jambo lile hakulitaja tena, kwangu wala kwa mwingine. Na mimi nimeishi nikiwakasirikia wanaocheka: watoto wale, yule mwenye mdomo, vijana wa bodaboda.

Waelezeni hao vijana kwamba Luhende hakukosea popote. Aliambiwa asiitike, hakuitika. Aliambiwa agonge, aligonga mpaka nguvu zikamwisha, siku mbili, na hakuna aliyemjibu, kwa sababu tulikuwa tunapiga kelele. Mbele yake palikuwa na kiu, nyuma yake palikuwa na watu, naye alikuwa ameshageuka awarudie. Kilichomfanya akimbie tena ni sauti moja.

Nyamizi ameacha kuandika, ananitazama. Nimemwambia ainamishe kichwa aandike, na jina aliandike kamili, si lile la porini.

Maganga aliita.